Kisiwa cha Paulet: shajara ya safari ya kwenda kwa pengwini wa Bahari ya Weddell

Jumamosi, Ushuaia

Meli imeng'oa nanga jioni hii kutoka Ushuaia, mji wa Argentina ulio kusini kabisa mwa Amerika ya Kusini, na sasa inateremka taratibu katika Mlango wa Beagle kuelekea bahari kuu. Ninakokwenda ni kwenye kisiwa kidogo kiitwacho Paulet, kilichoko nyuzi 63 na dakika 35 kusini mwa ikweta, jirani na ncha ya kaskazini ya Rasi ya Antaktika, upande unaoelekea Bahari ya Weddell. Ni kisiwa cha volkano chenye umbo la duara, upana wake haufiki kilomita mbili, na katikati yake pamesimama kilele chenye kimo cha mita 353. Binadamu haishi pale. Wanaokimiliki, kuanzia Oktoba hadi mwishoni mwa kiangazi cha kusini, ni pengwini wa Adélie wanaokadiriwa kufika jozi 100,000, na pamoja nao wapo minandi, shakwe, skua na petreli.

Nimefundisha baiolojia katika shule za sekondari za pwani ya Kenya kwa sehemu kubwa ya maisha yangu. Kila tulipofika kwenye mada ya mnyororo wa chakula, mwanafunzi mmoja hakukosa kuuliza viumbe wa nchi za barafu wanakula nini ilhali huko hakuoti kitu. Jibu nililitoa kwa chaki ubaoni, na lilikuwa sahihi, lakini nilitamani siku moja nisimame mahali ambapo jibu hilo linaonekana kwa macho, ndiyo maana nilichagua Paulet badala ya visiwa vingine vinavyotembelewa zaidi. Hapa mwamba ni mtupu kiasi kwamba karibu kila kilicho hai juu yake kimebebwa kutoka baharini.

Jumapili, Mlango wa Drake

Tumeamka tukiwa katikati ya mawimbi. Kati ya Cape Horn na visiwa vya Shetland ya Kusini pana maji yenye upana wa kilomita zipatazo 800, na katika latitudo hizi upepo wa magharibi huizunguka dunia nzima bila kukuta nchi kavu ya kuukatiza. Abiria wengi wamebaki vyumbani. Mimi nilijikaza kwenye sitaha ya nyuma, mkono mmoja ukishika nguzo na mwingine darubini, kwa sababu albatrosi mkubwa mhamaji alikuwa akitufuata tangu alfajiri. Mabawa yake yakinyooshwa huweza kufikia mita tatu na nusu. Kwa muda mrefu niliomtazama hakupiga bawa hata mara moja: anashuka na upepo hadi karibu kuligusa wimbi, anageukia upepo, anapandishwa, kisha anashuka tena, na mwendo huo humpeleka mamia ya kilomita kwa nguvu ndogo mno.

Mchana nilikutana na kijana wa Kisauni, Mombasa, anayefanya kazi jikoni humu melini. Aliposikia nikizungumza Kiswahili katika simu kabla mtandao haujapotea, alisubiri nimalize ndipo akaja. "Shikamoo mwalimu," akasema, maana alikwisha kupata habari zangu kwa wenzake. Nikamwitikia marahaba, tukaulizana habari za nyumbani, na baada ya hapo akaniuliza swali lile lile la darasani: ndege maelfu kwa maelfu wanakula nini kwenye jiwe lisilo na jani? Nikamwambia avute subira, na siku atakayopewa nafasi ya kushuka tutalitazama pamoja.

Jumatatu, bado Drake

Usiku tumevuka mstari ambapo maji baridi ya Antaktika hukutana na maji yenye uvuguvugu kidogo yatokayo kaskazini. Ofisa wa zamu alinionyesha kipimo: joto la maji lilishuka kutoka nyuzi 5 hadi chini ya nyuzi 2 katika muda wa saa chache, na asubuhi ukungu ulikuwa umetanda kila upande. Maji hayo baridi huzama chini ya yale mengine, na pote yanapochanganyika virutubisho hupanda juu, nao mwani mdogo usioonekana kwa macho huongezeka. Petreli wenye madoa meusi na meupe wametuzunguka kwa makundi tangu kulipopambazuka.

Kazi ya leo ilikuwa ni usafi. Kila abiria ameleta nguo zake za nje, begi na mkongojo, na watumishi wamepitisha mashine ya kufyonza vumbi katika kila mfuko na kila mshono ili isibaki mbegu hata moja. Viatu vimesuguliwa na kuchovywa kwenye dawa, na vitachovywa tena kabla na baada ya kila mteremko. Homa ya mafua ya ndege aina ya H5N1 ilifika kisiwa cha Georgia ya Kusini mwaka 2023, na Februari 2024 ikathibitishwa kwa skua kwenye Rasi ya Antaktika yenyewe. Tangu hapo wageni hawaruhusiwi kukaa chini, kupiga magoti wala kuweka begi ardhini wanapokuwa nchi kavu. Walinuna baadhi ya abiria, hasa wapiga picha. Mimi naona sharti hilo ni jepesi mno likilinganishwa na hatari yenyewe, kwa sababu ndege wanaozaa wakiwa wamebanana hivyo hawana pa kukimbilia ugonjwa.

Jumanne, Ghuba ya Matumaini

Tulikusudia kufika Paulet leo, na barafu imekataa. Asubuhi tuliingia mlango wa bahari unaoitwa Antarctic, ambao haukupewa jina la bara bali la meli, na nahodha akakuta upepo wa kusini-mashariki umeisukuma barafu ya Bahari ya Weddell hadi ikaziba njia. Siwa barafu bapa, zenye sehemu ya juu iliyonyooka na kuta za wima, nyingine ndefu kuliko meli yetu mara kadhaa, zilisimama katikati ya vipande vidogo visivyo na idadi. Nahodha hakubishana nazo. Alisema upepo ukigeuka, barafu ile ile iliyotufungia njia inaweza kutufunga sisi ndani yake, kisha akaigeuza meli kuelekea Ghuba ya Matumaini, ambako Argentina ina kituo chake cha Esperanza.

Kule nilitaka kuona kitu kimoja tu, nacho ni kibanda cha mawe kilichobomoka, karibu na gati. Ili Paulet ieleweke, ni lazima kisa hiki kisimuliwe. Mwaka 1902 msafara wa Uswidi ulioongozwa na mwanajiolojia Otto Nordenskjöld ulikuja katika bahari hii kwa meli iliyoitwa Antarctic, chini ya nahodha Mnorwe Carl Anton Larsen. Nordenskjöld na wenzake watano walishushwa kwenye Kisiwa cha Snow Hill wakae huko kipindi cha baridi, na meli ikaondoka. Iliporudi kuwachukua mwishoni mwa mwaka, barafu ilikuwa imeziba kama ilivyoziba leo. Ndipo watu watatu, Gunnar Andersson, Samuel Duse na baharia Toralf Grunden, wakashushwa hapa kwenye ghuba wajaribu kwenda Snow Hill kwa miguu. Walikuta maji wazi mahali walipotarajia barafu, wakarudi kuisubiri meli, nayo haikutokea tena. Kipindi chote cha baridi cha mwaka 1903 waliishi ndani ya kibanda hiki wakila nyama ya pengwini na sili, na mafuta ya sili ndiyo yaliyokuwa taa yao na kuni zao.

Meli yenyewe ilibanwa na barafu na kuzama tarehe 12 Februari 1903. Watu wake ishirini waliburuta mashua na vyakula juu ya barafu inayotembea kwa zaidi ya wiki mbili, na nchi kavu waliyofanikiwa kuikanyaga ilikuwa Paulet.

Usiku huu upepo umetulia na kuanza kuvuma kutoka magharibi. Tutajaribu tena.

Jumatano, Paulet

Harufu ilitufikia kabla ya kisiwa. Aliyewahi kupita penye uduvi ulioanikwa ukanyeshewa mvua siku tatu mfululizo anaweza kuikaribia kwa mawazo, ila hii ni nzito zaidi na haina mwisho. Ilipofika saa moja asubuhi ukungu ulinyanyuka, na Paulet ikasimama mbele yetu: kilele cheusi na chekundu cha majivu na mawe ya volkano, chini yake miteremko mipana isiyo na theluji, na miteremko hiyo, kuanzia ufukweni hadi juu kabisa, ilikuwa na rangi ya waridi. Kwa darubini niliona kwamba waridi ile ni kinyesi, na kwamba mteremko ulikuwa unatembea.

Tulishuka kwa boti za mpira. Kwa mujibu wa taratibu, watu walioko nchi kavu kwa wakati mmoja hawazidi mia moja, na kila mtu akae umbali wa mita tano kutoka kwa ndege. Pengwini akikusogelea, unasimama au unarudi nyuma, kwa kuwa njia ni yake. Hapa Paulet kuitii kanuni hiyo kunahitaji uangalifu wa kila hatua. Kiongozi alisimika bendera ndogo kwenye ukanda mwembamba wa ufukwe ambao hauna viota, na wengi wetu hatukuuvuka ukanda huo asubuhi nzima. Hapakuwa na haja ya kuuvuka.

Pengwini wa Adélie ana kimo cha sentimita sabini hivi na uzito wa kilo nne hadi sita. Mgongo ni mweusi, kifua ni cheupe, na jicho limezungukwa na duara jeupe linalomfanya aonekane ameshtuka daima. Mfaransa Jules Dumont d'Urville, aliyefika Antaktika mwaka 1840, aliiita sehemu ya pwani aliyoiona kwa jina la mkewe Adèle, na ndege huyu akalirithi jina hilo. Madume hufika visiwani mwezi Oktoba, wakati bahari ingali imeganda, na huenda wakatembea kilomita nyingi juu ya barafu ili kurudi karibu na kiota cha mwaka uliopita. Jike hutaga mayai mawili mwezi Novemba, kisha huenda baharini kula, na dume hubaki akiatamia zamu ya kwanza bila chakula kwa wiki nzima au mbili, juu ya siku nyingine nyingi za njaa alizokwisha kukaa tangu alipofika. Mayai huanguliwa baada ya siku thelathini na kidogo. Sasa ni katikati ya Januari, na makinda mengi yamekwisha kuacha kulindwa kiotani. Yamejikusanya makundi makundi, mengine ishirini, mengine mia, yakiwa na manyoya laini ya rangi ya masizi na matumbo makubwa yasiyolingana na miguu.

Makundi hayo ndiyo niliyoyatazama kwa saa nzima. Mzazi hutoka majini akiwa safi, anang'aa, anapanda mteremko kwa njia iliyokanyagwa hadi ikawa mfereji, na anapofika karibu na kundi lake anapaza sauti. Kinda mmoja au wawili hujitenga na wenzao, kwa kuwa wanaitambua sauti ya mzazi wao katikati ya makelele ya ndege laki mbili. Hapo mzazi hageuki kuwalisha, bali anakimbia. Anakimbia kweli kweli, mabawa yamenyooka nyuma, akiruka mawe na kupita katikati ya majirani wanaomdonoa, na makinda yanamfuata yakijikwaa, yanaanguka kifudifudi kwenye tope la waridi, yanainuka. Aliye na njaa zaidi humfikia. Mzazi niliyemfuata kwa darubini alisimama hatimaye nyuma ya mwamba, akainamisha kichwa, na kinda akaingiza mdomo wake wote ndani ya mdomo wa mzazi. Walipoachana, tone la chakula lilidondoka juu ya jiwe, na kwa darubini niliweza kuyaona macho meusi ya viduduvi ndani yake.

Wale ni krili, jamaa wa mbali wa uduvi wetu, ambao hapa hukua hadi sentimita sita. Kipindi cha baridi makinda ya krili huishi chini ya barafu ya bahari, yakikwangua mwani unaoota upande wa chini wa barafu hiyo. Kwa hiyo barafu iliyotuzuia jana ndiyo shamba la chakula cha kisiwa hiki. Krili humpa pengwini nyama, kinyesi hupata waridi yake kutokana nao, na kinyesi hicho ndicho mbolea pekee ya ardhi ya Paulet. Pembeni mwa koloni, pale maji ya theluji yanapoteremka yakiwa yamechanganyika na mbolea hiyo, niliona utando wa kijani uliokunjamana juu ya mawe. Ni mwani wa nchi kavu uitwao Prasiola, nao ni kijani pekee nilichokiona kisiwani. Kijana wa Kisauni, aliyepewa nafasi ya kushuka na kundi la mwisho, aliinama kuutazama bila kuugusa, akaniambia, "Kwa hiyo mwalimu, hata hili jani limetoka baharini." Sikuwa na cha kuongeza.

Kuna utajiri mmoja ambao ni wa kisiwa chenyewe, nao ni vijiwe. Adélie hujenga kiota kwa mawe madogo, kila moja la ukubwa wa kubebwa mdomoni, ili yai liinuliwe juu ya maji yanayoyeyuka. Yai likilala kwenye tope la baridi, kilichomo hufa. Ingawa msimu wa kutaga umepita, mwezi huu hurudi ndege vijana na wale waliopoteza mayai, nao hushika viwanja na kujizoeza ujenzi. Nilimwona mmoja akipanga mawe yake kwa subira, akienda mbali na kurudi na jiwe moja moja, akiliweka, akilitazama, akilisogeza. Kila alipoondoka, jirani yake alinyoosha shingo na kuchukua jiwe moja kutoka kiotani mle akaliweka kwenye chake. Mwenye mawe aliporudi jirani alikuwa ametulia akitazama bahari. Mtindo huu uliendelea muda wote niliokuwa hapo, na rundo la mwizi likakua bila yeye kupiga hatua hata tano.

Skua wawili walikuwa wamesimama juu ya mwinuko, ndege wa hudhurungi wenye mdomo wenye ncha iliyopinda. Hawakufanya chochote kwa muda mrefu. Kinda mmoja dhaifu alipobaki nyuma ya kundi, mmoja wao aliruka chini chini, akamkamata kwa mkia, na wa pili akashika kichwa. Abiria mmoja alilia na kumwomba kiongozi aingilie kati, naye akakataa kwa upole. Nilikubaliana naye. Skua nao wana makinda juu ya mwamba, na chakula chao hakina njia nyingine ya kufika huko ila kupitia mwili wa pengwini.

Alhamisi, Paulet

Meli imelala usiku kati ya Paulet na Kisiwa cha Dundee, na asubuhi bahari ilikuwa shwari, basi tukazunguka sehemu ya kisiwa kwa boti kabla ya kushuka tena. Penye mwamba mrefu unaoingia baharini wamezaa minandi wa Antaktika, ambao tofauti na minandi tuliowazoea kwenye maziwa ya Afrika Mashariki wana kifua cheupe na duara la buluu kali kuzunguka jicho. Viota vyao ni nguzo za mwani na manyoya zilizogandishwa kwa kinyesi. Sili chui mmoja alikuwa akiogelea sambamba na ufukwe, kichwa kirefu kikitokeza na kuzama, na pengwini waliotaka kuingia majini walijazana ukingoni, wa nyuma wakisukuma na wa mbele wakigoma, hadi mmoja alipoingia na mamia wakamfuata kwa mkupuo.

Kisha tukashuka kuona kibanda. Kuta zake ni mbili mbili, za mawe bapa ya volkano yaliyopangwa bila saruji, na zimebomoka hadi kufikia kiuno. Paa halipo. Waliokijenga ni wale ishirini wa meli Antarctic, waliofika hapa mwishoni mwa Februari 1903 huku pengwini wakiwa wameanza kuondoka. Larsen alilifahamu jambo hilo vizuri: ndege wakishaenda, kisiwa hakina chakula hadi Oktoba. Waliwaua zaidi ya pengwini elfu moja kwa haraka na kuwafukia kwenye theluji, na kwa akiba hiyo, pamoja na sili na samaki waliowapata, waliishi hadi majira ya kuchipua. Mmoja wao, baharia kijana aitwaye Ole Wennersgaard, alifariki mwezi Juni. Kaburi lake liko mita chache kutoka ufukweni, chini ya rundo la mawe. Juu ya kilele walijenga mnara wa mawe ili meli yoyote itakayopita iuone, na vitu vyote vitatu, kibanda, kaburi na mnara, vimeandikishwa kuwa kumbukumbu ya kihistoria chini ya Mkataba wa Antaktika.

Mwishoni mwa Oktoba Larsen na wenzake watano walitoka hapa kwa mashua ya wazi kwenda kuwatafuta wengine. Walifika Ghuba ya Matumaini wakakuta watatu wale wamekwisha kuondoka, wakasonga mbele hadi Snow Hill, wakawasili tarehe 8 Novemba 1903, siku ile ile ambayo kapteni Julián Irízar wa meli ya Argentina iitwayo Uruguay alikuwa amewasili kuwaokoa. Siku chache baadaye Uruguay ikaja Paulet kuwachukua waliobaki, ikaacha akiba ya vyakula kwa ajili ya yeyote atakayepatwa na mkosi kama wao. Miaka 13 baadaye mpelelezi wa Antaktika Ernest Shackleton na watu wake, ambao meli yao Endurance ilizamishwa na barafu ya bahari hii hii, walielea juu ya barafu wakiitamani akiba hiyo. Mwezi Machi 1916 walipita umbali wa karibu kilomita 100 mashariki mwa kisiwa, na barafu iliyovunjika haikuwaruhusu kuvuka.

Ndani ya kuta za kibanda leo wanaishi pengwini. Viota vimepangwa sakafuni mahali ambapo mabaharia walilala, na baadhi ya vijiwe vya viota, bila shaka, vimetoka kwenye ukuta. Nilihesabu makinda manane kwenye pembe moja. Kiongozi wetu hakuruhusu mtu aingie, na hata angeruhusu nisingeingia.

Ijumaa, kuelekea kaskazini

Asubuhi tumeviona kwa mbali Visiwa vya Danger, miamba midogo iliyozungukwa na barafu takriban mwaka mzima. Mtafiti Heather Lynch wa Chuo Kikuu cha Stony Brook na Mathew Schwaller wa NASA waligundua katika picha za setilaiti madoa ya waridi ya kinyesi makubwa kuliko ilivyotarajiwa, na Desemba 2015 wataalamu walikwenda kuhesabu kwa miguu na kwa droni. Matokeo yao, yaliyochapishwa mwaka 2018, yalikuwa jozi 751,527 za Adélie kwenye visiwa hivyo pekee. Upande wa magharibi wa Rasi, ambako barafu ya bahari imepungua, mambo ni kinyume: karibu na kituo cha Palmer cha Wamarekani palikuwa na jozi zipatazo 15,000 katika miaka ya 1970, na zaidi ya asilimia 80 zimetoweka.

Nchi kavu ya Antaktika inalindwa vizuri. Itifaki ya Madrid ya mwaka 1991 imekataza uchimbaji wa madini, na kanuni nilizozifuata ufukweni zinamzuia mtu hata kuokota jiwe. Chakula cha kisiwa, hata hivyo, kiko baharini, na bahari husimamiwa na tume nyingine yenye makao yake Hobart, Australia, ambayo maamuzi yake hupita tu endapo wanachama wote wameridhia. Katika eneo linalohusisha Rasi na visiwa vyake, kikomo cha uvuvi wa krili ni tani 620,000 kwa msimu. Mwaka 2025 kikomo hicho kilifikiwa na uvuvi ukafungwa mapema. Krili hao husagwa kuwa chakula cha samaki wa kufugwa na mafuta ya vidonge. Argentina na Chile zilipeleka mwaka 2018 pendekezo la hifadhi ya bahari kuzunguka Rasi, nalo halijapitishwa. Nimesimama kwenye koloni, nimeona kilichomo ndani ya mdomo wa kinda, na sioni sababu inayotosha ya meli kuvua mahali ambapo wazazi wa makinda hao wanakwenda kula mwezi Januari.

Jumapili, Mlango wa Drake

Jana ilipita yote kwenye ukungu. Leo mawimbi ni madogo, na nyuma ya meli wanacheza petreli wa Wilson, ndege weusi wenye kiuno cheupe, wasiozidi gramu arobaini. Wananing'inia juu ya maji na kuyagusa kwa vidole vya miguu huku wakidonoa. Hawa huzaa kwenye nyufa za mawe, kuanzia Paulet hadi visiwa vingi vya kusini, na baridi ikianza huvuka ikweta. Sehemu yao huingia Bahari ya Hindi, na huonekana nje ya miamba ya pwani ya Kenya.

Kijana wa Kisauni alikuja na kikombe cha chai ya rangi kwa ajili yangu, akasimama kuwatazama. Aliniuliza kama ni kweli anaweza kuwaona nyumbani. Nikamwambia awafuate wavuvi wanaokwenda kuvua jodari mbali na Watamu, pale kina kinapoanza kuzama na maji kuwa ya buluu nzito, katika miezi ya kusi, na atazame chini karibu na maji, si juu angani. Akaniuliza tena kiuno chao ni cheupe upande gani, nikampa darubini ajionee mwenyewe kabla kengele ya jikoni haijamwita.